Koti la Babu

Tangu niache kuigiza na kuanza kuwaandikia watoto hadithi, koti la babu linaning'inia nyuma ya kiti changu hapa Kamunyonge. Mvua ikinyesha, linanuka tumbaku na moshi wa zizini.

Siku tuliyomzika, kule Butiama, bibi hakula wala hakulia. Kwetu mjukuu ni mtani wa babu yake, na msibani humwigiza ili watu wacheke. Shangazi akanivika koti, likaburuzika chini. Nikashika fimbo, nikakohoa kama yeye, nikapita katikati ya waombolezaji hadi jikoni alikokaa bibi.

"Mama, leo hatuli?" nikauliza kwa sauti yake.

Watu walicheka.

"Unachelewaga sana wewe," bibi akasema. "Ugali umeshapoa."

Akaninawisha mikono, tukala sahani moja. Hapo ndipo machozi yalipomtoka.

Nimeigiza watu wengi jukwaani, na kila nilipomaliza nilivua mavazi yao nikaenda zangu nyumbani. Sasa nawaandikia watoto habari za mzee anayechelewa chakula. Kila nikifika mwisho, nashindwa kumvua koti.