Chumba cha Mbele cha Mama Mwanamkuu

Wifi yangu Mwamvita hakuwa mzuri wa sura, na mimi nilimwambia hivyo siku ya kwanza tu alipoletwa kwetu, maana wifi asiposema yeye atasema nani? Akanitazama juu mpaka chini, akasema, "Na kaka yako naye si wa kutundikwa ukutani." Nikacheka mpaka nikashika mbavu. Nikajua hapa nimepata mtu.

Kaka yangu ni Yahaya, fundi wa karakana ya reli Tabora. Mimi ni Batuli, niliolewa Kigwa, vituo vichache tu kwa treni, kwa hiyo sikuwa nikikosekana kwao. Watu wengi wakimkumbuka Mwamvita wanakumbuka vitumbua vyake. Mimi nakumbuka jinsi alivyoishi na mama yangu.

Mama yetu, Mwanamkuu, alikuwa na nyumba ya udongo pale Isevya, kwenye kiwanja alichoachiwa na baba yake. Babu alikuwa mpagazi. Alibeba mizigo ya watu kwenda pwani na kurudi mpaka mabega yakakataa, akatua Tabora akasema hatoki tena. Mama alizaliwa hapo, akatuzaa hapo. Asubuhi akishamaliza kusali alikaa dirishani akisalimiana na njia nzima. Ukipita bila kumwamkia, anakuita kwa jina la mama yako. Hata wenye haraka ya treni walikuwa wanasimama.

Uhuru ulipopata miaka mitano hivi, Yahaya akasikia kuna kampuni inakopesha watumishi fedha za kujengea. Shilingi elfu kumi na mbili! Zitakatwa kwenye mshahara, mia na kumi na nane kila mwezi, miaka kumi na mitano. Masharti yao, kiwanja kiwe kwa jina lake, na nyumba ikae rehani mpaka senti ya mwisho. Basi akaja kwa mama. Ilibidi mama atoe kiwanja, na ile nyumba yake ya udongo ivunjwe.

"Mama," Yahaya akamwambia, "tutajenga ya matofali na bati, vyumba vinne na ukumbi katikati. Chumba cha mbele, chenye dirisha la barabarani, ni chako. Tunapangisha miaka mitatu tu, deni likishuka unaingia."

"Sawa, baba," mama akasema. Siku ya kubomoa alikaa chini ya ukuta wa jirani na ungo wake mapajani, hakulia. Mimi ndiye niliyelia.

Nyumba ikasimama, na nzuri kweli. Lakini nani aliingia? Wapangaji! Vyumba vyote vinne. Cha mbele akapewa Anton, karani wa posta, Mfipa mmoja mpole asiyekuwa na makuu, kwa shilingi thelathini, maana ndicho kilichokuwa cha bei. Wenyewe wakahamia uani. Yahaya na mkewe na watoto banda moja, na mama kibanda kilichopakana na jiko. Azimio la Arusha lilipotoka, na watu wakaanza kuimba habari za mabepari na makabaila, vijana wa mtaani wakampa kaka yangu jina: Kabaila wa Uani. "Mwangalieni bepari anayelala na kuku!" Mwamvita alikuwa anawajibu, "Njooni basi mnitaifishe, labda nitapata pa kulala."

Alikuwa anacheka. Lakini miaka mitatu ilipotimia nilikuja kutoka Kigwa nikamkuta mama anakohoa kwa moshi wa jiko, macho mekundu, na dirisha lake lile la barabarani limetundikwa suruali za Anton. Nikawaka.

"Mwamvita! Mama yangu analala jikoni na mwanamume wa posta analala chumbani kwake, hata aibu huna?"

"Shikamoo ingetangulia basi," mama akasema kutoka ndani.

"Shikamoo mama. Nagombana, subiri kidogo."

"Marahaba. Gombana taratibu, mtoto amelala."

Mwamvita hakukasirika. Akafuta mikono kwenye kanga yake. "Wifi, Anton nimeshampa notisi. Mwisho wa mwezi anatoka, mama anaingia. Kesho twende wote ofisini kwa wale wakopeshaji tukasikie deni limefika wapi, halafu useme tena."

Tukaenda. Karani aliyetupokea alikuwa kijana mwenye tai, na adabu zake timamu. Mwamvita alishapiga hesabu njiani. Tumelipa elfu nne na mia mbili na ushee, kwa hiyo limebaki chini ya elfu nane. Kijana akafungua faili, akatafuta kwa kidole.

"Limebaki elfu kumi na mia sita na kitu, mama."

Mwamvita akacheka. Alidhani kijana kasoma mstari wa mtu mwingine. Kijana akaangalia tena, na mstari ulikuwa ule ule. Hapo nikamwona wifi yangu akivuta kiti akakaa, ingawa hakuna aliyemkaribisha.

"Nieleze," akasema, "kama unavyomweleza mama yako."

Na yule kijana, Mungu ampe heri, akaeleza. Kila mwezi riba ndiyo inayokula kwanza, na riba inahesabiwa kwa deni lililobaki. Deni likiwa kubwa, riba nayo kubwa. Mwezi wa kwanza kabisa, katika zile mia na kumi na nane, riba ilichukua themanini na tano. Deni lenyewe likapata thelathini na tatu.

"Na mpaka mwisho wa miaka kumi na mitano tutakuwa tumetoa ngapi?"

"Elfu ishirini na moja na zaidi."

"Kwa nyumba ya elfu kumi na mbili."

"Ndiyo, mama. Bwana Yahaya alitia sahihi."

Mimi nilikuwa nataka kurukia ile meza. Nikamwambia huu ni wizi wa mchana! Kijana akasema, taratibu, "Si wizi, mama. Mtu amekaa na fedha ya mwenzake miaka kumi na mitano, hiyo ndiyo kodi ya fedha. Ubaya ni kwamba watu wanauliza makato ya mwezi, hawaulizi jumla." Kisha akainama kidogo, akasema, "Lakini chochote mkiongeza juu ya makato, hicho riba haikigusi. Kinaingia moja kwa moja kwenye deni lenyewe."

Mwamvita akauliza haraka, "Thelathini kwa mwezi je?"

Kijana akachukua kalamu, akaandika, akafuta, akaandika tena. "Mnamaliza miaka mitatu na nusu mapema."

Njia nzima ya kurudi Mwamvita alikuwa akipiga hesabu. Mimi nilisema kwa niaba ya wote wawili, nikamtukana Yahaya, na sahihi yake, na kalamu aliyotilia. Tulipokaribia nyumbani akasimama. "Thelathini," akasema, "ndiyo kodi ya chumba cha mama."

Mama tulimkuta uani anamenya karanga. Hakujua kusoma, lakini hakuwa mtu wa kufichwa jambo, na Mwamvita hakumficha. Akakaa naye mkekani, akamwaga karanga zilizomenywa fungu moja.

"Mama, hili ndilo deni. Yahaya kila mwezi anachota kiganja." Akachota. "Sasa angalia. Wao kila mwezi wanarudishia." Akarudisha karibu zote, zikabaki chache mkononi mwake. "Hizi ndizo tulizopunguza kweli. Hizi tu."

Mama akaangalia lile fungu.

"Loo," akasema. "Mwanangu anakesha karakanani kwa ajili ya hizi?"

"Ndiyo, mama. Na tukiongeza vya kwetu juu yake, hivyo hawavirudishii."

"Vya kwetu vipi?"

Mwamvita akaanza kukusanya karanga. Na mimi nikajitia kumsaidia. Mama akaelewa, hakuhitaji kuambiwa.

"Kodi ya Anton," akasema.

"Mama, chumba nakupa," Mwamvita akasema kwa haraka. "Uliahidiwa. Ulitoa nyumba yako. Mwisho wa mwezi unaingia, nitakubeba mwenyewe."

"Ngoja, usinibebe bado. Nikiingia, deni linakwisha lini?"

"Miaka kumi na miwili kutoka sasa."

"Nisipoingia?"

"Minane na kidogo."

Mama akanigeukia. "Batuli, kaka yako ana miaka mingapi?"

"Arobaini na mitatu."

Akahesabu kwa vidole, midomo ikicheza. "Na kumi na miwili, hamsini na mitano, ndiyo miaka ya kustaafu. Mtoto wangu atoke kazini na kiinua mgongo mkono mmoja na deni mkono wa pili? Hapana. Mwambieni Anton akae."

Mwamvita akaanza kulia. Sikuwa nimepata kumwona akilia kabla ya hapo, hata alipozaa. "Mama, sitaki. Watu watasema mkwe kamtupa mama wa watu jikoni."

"Watu hao wamelipa shilingi ngapi?" mama akauliza. Akarudi kwenye karanga zake. "Mimi nina miaka mingapi ya kukaa dirishani? Hawa watoto wana mingapi? Acha kulia, chumvi itaingia kwenye karanga."

Nilimpenda sana mama yangu siku ile. Na nilimpenda Mwamvita pia, ingawa nilimwambia tu kwamba analia vibaya.

Kodi za vyumba vingine zilikuwa zinanunua unga, na zile thelathini kitoweo, kwa hiyo kuzihamishia kwenye deni ilikuwa kazi. Hapo ndipo vitumbua vilipoanza. Mwamvita aliamka kabla ya adhana, akawauzia watu wa reli, na kila mwisho wa mwezi alivaa buibui lake akapeleka thelathini za Anton ofisini kwa mkono wake, akisimama mpaka aandikiwe stakabadhi. Yahaya akamwambia awe anampa yeye azipeleke. "Wewe utie sahihi tena?" Mwamvita akasema.

Jiko akalihamisha. Alikanda udongo mwenyewe akajenga jingine ng'ambo ya pili ya uani, ili moshi usimfikie mama. Na asubuhi vitumbua vikishakwisha, alikuwa anambebea mama kiti mpaka barazani, chini ya lile dirisha la Anton, mama akakaa akiamkiwa na njia nzima. Anton akitoka kwenda posta anamwambia, "Shikamoo mama mwenye nyumba," na mama anamjibu, "Marahaba mwanangu, umefunga dirisha? Mvua hiyo." Jua likiwaka Mwamvita anakuja kumrudisha uani. Nilipokuwa nakuja kutoka Kigwa nilikuwa nawaangalia wakipita ule ukumbi, mmoja ameshika kiti, mwingine ameshika bega la mwenziwe, katikati ya milango ya wapangaji, nikawa nageukia pengine.

Ikaenda hivyo karibu miaka minne. Masika ya sabini na tatu mama akaanza kuchoka. Hakuugua ugonjwa wa kutajwa jina, alichoka tu. Nikaja, nikakaa. Mwamvita akaniambia, "Wifi, namwambia Anton atoke wiki hii hii. Deni na lingoje." Akaenda kumwambia mama. Mama akamshika mkono, akamwuliza deni limefika wapi. Mwamvita akamwambia limeshashuka chini ya elfu nane. "Unaona?" mama akasema, akafurahi kweli kweli, kama mtu aliyeletewa mjukuu. "Usiliachie." Hakutaka kusikia habari ya chumba.

Alifariki mwezi wa nne, alfajiri, baada ya kusali amekaa. Mwamvita ndiye aliyekuwa amemshika.

Kilio kikatoka uani, na kabla hatujajua tumlaze wapi mama yetu, maana kile kibanda hakikutosha hata wanawake watatu, tukasikia vitu vinaburuzwa mbele. Tukaenda kuona. Anton alikuwa anatoa kitanda chake barazani. Hakuna aliyemwomba. Alishatoa sanduku, alishatoa meza, ameshusha picha yake ya Bikira Maria ukutani akaifunga vizuri ndani ya shuka. Akachukua ufagio akafagia chumba mpaka pembeni. Halafu akamwambia Mwamvita, "Mama, mleteni," akaondoka na Yahaya kwenda kuchimba kaburi.

Tukamwosha mama yetu, tukamvika sanda, tukamlaza chumba cha mbele. Dirisha tukalifungua nusu. Njia nzima ikaja. Wale wote aliowaita kwa majina ya mama zao, wa mtaa na wa reli, na akina mama wa Kihindi wa madukani, walijaa mpaka barabarani. Mwamvita alikaa kichwani pa mama tangu asubuhi mpaka adhuhuri, hakuinuka. Nilikaa karibu naye, nikamshika mkono. Baada ya sala jeneza likatoka kwa mlango wa mbele.

Jioni Anton akarudisha kitanda chake. Mwisho wa mwezi ulipofika nilikuwa bado niko kwao. Akaja uani na kodi yake kama siku zote, shilingi thelathini, akampa Mwamvita. Mwamvita akazihesabu. Akachomoa shilingi moja, akamrudishia.

"Ya nini, mama?" Anton akauliza.

"Mwezi una siku thelathini," Mwamvita akasema. "Moja hukukaa wewe."

"Mama, ule ulikuwa msiba. Sidai kitu."

"Najua hudai. Lakini siku ile chumba kilikuwa na mwenyewe, Anton. Siwezi kukutoza wewe."

Anton akaipokea kwa mikono miwili, akatoka. Mwamvita akavaa buibui lake, tukafuatana mpaka ofisini. Mwezi ule kwenye deni lenyewe tulipeleka shilingi ishirini na tisa.