Onyesho la Mwisho la Bi Sachiko

Kosa langu la mwanzo katika kazi hii, mdogo wangu, lilikuwa kuficha kurasa zangu. Nakwambia kama kaka, maana mvi bado sina, na uandishi wa filamu nilijifunza mwenyewe.

Bi Sachiko alinikuta maktaba, Edmonton, kaskazini mwa London. Alikuwa ameandika filamu Tokyo tangu ujana wake, na uzeeni akamfuata binti yake huku. Macho yalikuwa yanamwishia. Alitaka kuandika filamu moja ya mwisho kabla hayajazima, akanichagua mimi, kwa kuwa ilimhusu mama wa Kizanzibari anayetunza wazee huku, kama mama yangu. Prodyuza alikuwa anaisubiri.

Alinifundisha walivyofanya kwao: waandishi wawili wanakaa meza moja, kila mmoja anaandika onyesho lile lile, kisha wanabadilishana kurasa. Lililo bora linabaki, liwe la nani, na wote wawili wanalitengeneza.

Nakumbuka siku tuliyofika onyesho la mwisho, yule mama anaporudi nyumbani kutoka kazini. Nilisoma lake, nikaona aibu. Nikamwambia langu bado.

"Nipe hivyo hivyo lilivyo, Salim," akasema. "Macho yangu hayangoji."

Nikaondoka na langu. Wiki zikapita nafuta na kuandika upya. Mama akirudi kazini ananikuta pale pale.

"Huyo mama yako wa filamu keshafungua mlango?"

"Bado, mama."

"Basi mpe ufunguo, baba. Mie na miguu yangu hii nimetoka kazini na nimeshaingia."

Nilicheka, nikaendelea kufuta.

Nilipompelekea Bi Sachiko, hakuweza tena kuona maandishi. Nikamsomea. Akasikiliza mpaka mwisho, kisha akasema, "Pale anapovua viatu, ningepagusa kidogo." Lakini prodyuza alishachoka kungoja, kachukua hadithi nyingine. Filamu ile haikutengenezwa. Bi Sachiko hakunilaumu hata kwa neno moja, na hilo ndilo linaloniuma.

Mdogo wangu, kazi yako ikiwa bado mbovu, mpe mwenzako aione hivyo hivyo. Aibu inauma siku mbili tatu, halafu unaizoea. Usimngojeshe mtu mpaka wewe uridhike, maana sisi wenye wasiwasi haturidhiki. Mungu akujaalie mwenza wa kukaa naye meza moja, na akupe moyo wa kumsogezea ulichoandika.

Siku hizi naandika na dada mmoja wa Kingsbury, hapa hapa London. Kila Jumamosi tunabadilishana kurasa, na zangu huwa na makosa.