Mahari Yangu Imeletwa Baada ya Mazishi

Admin, jina langu libaki kwako, maana mashemeji zangu wamo humu na wanasoma kila kitu. Nina miaka 33, mama wa watoto wawili, fundi cherehani hapa Ng'ambo, Tabora. Kukaa situlii, kusimama situlii. Leo nimemshonea mteja suruali, mfuko nimeuweka kwa nje.

Mume wangu alifariki kwa ajali akitoka kwao Usoke. Lori liligonga gari alilopanda, akafia palepale. Tuliishi miaka tisa, ila kanisani hatukufunga ndoa kwa sababu ya mahari. Baba alitaja ng'ombe sita, ukweni wakaleta mmoja, tena mzee, wakanyamaza. Kwa mila yetu Wanyamwezi, mahari isipotolewa watoto ni wa upande wa mama, na mashemeji hilo liliwafaa sana. Mwanangu mkubwa alipolazwa nikaomba msaada, kaka wa marehemu alinijibu, "Shemeji, nenda kwa baba yako Kigwa. Huyo mtoto bado ni wake." Sijasahau.

Basi tukazika. Baadaye akaja mtu wa bima ya lile lori kutueleza fidia inavyopigiwa hesabu. Alisema wataangalia marehemu aliingiza kiasi gani, alibakiza miaka mingapi ya kufanya kazi, na akina nani walikuwa wanamtegemea. Akasema watoto wadogo ndio wanaopandisha hesabu, kwa kuwa wangelelewa muda mrefu. Hapo nikamwona shemeji yuleyule anawatazama wanangu kana kwamba wamezaliwa asubuhi ile. Akamwita mdogo, akampakata. Mtoto akaangua kilio, hamjui.

Wiki haijaisha, ng'ombe watano wakafika Kigwa kwa baba yangu. Watano! Watu walioshindwa hata mbuzi miaka tisa. Shemeji ndiye aliyechaguliwa na ukoo kusimamia mirathi, na sasa anasema mahari imekamilika, watoto ni wao, wahamie Usoke na fidia yao ipitie mikononi mwake. Nilimpigia simu nikamwambia sikubali. Akacheka. "Ukikataa, nawaambia bima hukuwa mke, ulikuwa unakaa tu na ndugu yetu. Tuone utapata nini."

Jamani, nilimfulia, nilimuuguza, nikamzalia, leo nilikuwa nakaa tu! Nina hasira. Naona wanangu wakifunga tumbaku za watu mashambani huko Usoke, huku jasho la baba yao linamwezekea mtu bati. Nilimfuata yule wa bima, nikamuuliza kama ng'ombe wanaingia kwenye hesabu yake. Akasema, "Mama, mimi natazama aliokuwa anawalisha. Ya ng'ombe malizaneni wenyewe." Nikapata moyo kidogo. Lakini nani atathibitisha aliokuwa anawalisha, kama msemaji wa familia ni shemeji?

Jumamosi nikachukua wanangu, nikaenda Kigwa kumwomba baba awarudishe wale ng'ombe.

"Shikamoo baba."

"Marahaba mwanangu. Njoo kwanza uone zizi."

Nikamweleza yote. Akasikiliza ameshika mti wa zizi, kisha akasema taratibu, "Miaka tisa kwenye pombe za watu naambiwa binti yangu kachukuliwa bure. Leo nimeheshimiwa, wewe unataka niwaswage kuwarudisha, kijiji kizima kinatazama?"

Baba yangu si mtu wa tamaa. Ningejua ni tamaa ningegombana naye, nikamaliza. Lakini ana aibu yake aliyoibeba kwa ajili yangu, na siku ile alikuwa amevaa lile koti lake la kanisani, na wala haikuwa siku ya ibada, kwa ajili ya ng'ombe.

Tulipogeuka, mama alikuwa ameshawapa wanangu maziwa ya wale ng'ombe. Mdogo akanijia na kikombe, mdomo mweupe, anacheka. "Mama, babu amesema hawa ng'ombe ndio wewe!"

Shemeji amesema anakuja Jumapili hii kuwachukua watoto, na maziwa ya ng'ombe wake yameshanywewa, atasema mahari tumeipokea. Nikilazimisha ng'ombe warudi, namvua baba yangu nguo mbele ya watu. Wakibaki, wanangu wanaondoka. Ndugu zangu mliopitia haya, na mnaojua sheria, msinipe pole, pole nimepewa nyingi. Nishaurini kabla ya Jumapili, nifanye nini?