Mstari Uliopinda kwa Ajili ya Ndege

Katika shamba la mama huko Kemambo, jirani na Kenya, kuna mstari mmoja wa mahindi uliopinda. Unaanza vizuri kwenye mpaka wa mkonge, unafika katikati, kisha unakata kushoto kama mtu aliyekumbuka jambo, halafu unarudi. Wapita njia humuuliza mama ni nani aliyelima akiwa amelewa. Mama huwajibu, "Mwanangu wa vitabu."

Nilikuwa nimerudi nyumbani kusaidia kilimo. Mjomba alileta ng'ombe wake wanne, akashika plau. Mama alifuata nyuma akidondosha mbegu. Mimi nilipewa kamba nitangulie, kwa kuwa ng'ombe wa mjomba wamefundishwa kumfuata anayewaongoza, popote aendapo.

"Tazama ule mti, utembee," mjomba aliniambia. "Usiangalie kingine."

Niliutazama mti hadi ndege aliposimama mbele yangu, miguu mirefu, kichwa cheusi kilichozungushiwa utepe mweupe. Alipiga kelele, akaliangusha bawa moja na kuliburuta vumbini. Nikasikia kwato nyuma yangu, nikajua hataweza kuzikwepa. Niliinama nimwokote. Akajikokota mbele kidogo. Nikamfuata. Akaanguka tena, nami nikaongeza mwendo, kamba ingali mkononi.

"Wewe, unatupeleka Kenya?" mjomba aliita.

Hapo ndege akaruka, mabawa yote mawili mazima, akapita juu yetu akipiga kelele. Niligeuka. Ng'ombe walikuwa wamenifuata, plau imewafuata ng'ombe, na mjomba ameifuata plau, mwili umelala upande.

Mama alikuwa amesimama pale nilipoanza kukunja, anaangalia chini. "Njooni muone."

Yalikuwa mayai matatu yenye madoa, rangi ya udongo wenyewe, ndani ya kishimo kisichozidi kiganja. Tungekwenda moja kwa moja, plau ingepita juu yake.

"Alikuwa anakudanganya, mjomba," mjomba akaniambia. "Bawa halina hata mchubuko."

"Kwani ni yeye peke yake?" mama akasema. "Amekudanganya na wewe, na ng'ombe wako wanne."

Mjomba alicheka, lakini alitaka turudi tuunyooshe mstari. Nilimwelewa. Mistari ya mama inajulikana. Majirani humwita awawekee wa kwanza kwenye mashamba yao, halafu wanaufuata huo hadi jioni. Sikuwahi kumwona akiacha uliopinda. Na kuunyoosha kulikuwa na njia moja tu, juu ya mayai.

Mama aliuangalia mstari wake kwa muda. Yule ndege alikuwa amerudi, amesimama karibu, bawa limeanguka tena, anatuonyesha jeraha asilokuwa nalo. Mama akachota mbegu kwenye beseni, akaanza kuzidondosha kwenye kona ile, moja moja, kwa utaratibu wake uleule.

"Endeleeni," alisema. "Tutazunguka."

Vifaranga walitoka kabla ya palizi. Mama alinipigia simu kunieleza, sauti yake kama ya mtu aliyepata wajukuu. Tangu hapo, kila nikienda nyumbani, huupitia mstari ule kabla hata sijaweka begi ndani. Namshukuru ndege. Zaidi namshukuru aliyekuwa nyuma. Nikifika pale kwenye kona, nasikia tena mbegu zikidondoka nyuma yangu, upande uleule niliokwenda mimi.