Mama Alikufa Ukurasa wa Kwanza

Mama yangu aliogopa vitu viwili: radi na daftari langu la kurasa mia. Radi alikuwa ameizoea, maana Butembo hainyimwi mvua. Daftari ndilo lililomnyima usingizi.

Nilikuwa na miaka kumi na mitano. Vita vilikuwa vimefunga shule, nami nikafungua yangu kwenye karatasi. Ilikuwa shule iliyokatazwa, katika ufalme uliojificha nyuma ya milima ya theluji, na hawakufundisha kitu ila uchawi wa kuharibu. Mwaka wa kwanza, kupasua chungu ukiwa mbali. Mwaka wa pili, kuozesha mabati ya nyumba kwa pumzi moja. Mwaka wa tatu, kulainisha chuma cha bunduki mpaka kiwe kama ndizi iliyochemshwa. Nilianza kuandika kwa Kifaransa, kwa maringo. Kifaransa kikaniishia ukurasa wa pili, nikaendelea kwa Kiswahili kama watu wengine.

Shule ile ilipokea tu mtoto asiye na mtu wa kumlilia. Kwa hiyo mama wa msichana wa hadithi yangu nilimwua ukurasa wa kwanza, kwa mistari miwili. Baba yake nilimmaliza kwa nusu mstari.

Mama alipolikuta daftari chini ya godoro langu, alisoma jalada tu: "Shule ya Kuharibu". Kusoma ndani aliona ni dhambi. Angelipeleka kwa padri wetu, lakini padri wetu alitujua ukoo mzima, na aibu ilikuwa kubwa. Akaamua kumpelekea padri wa Beni, asiyetujua, siku atakapokwenda kuuza vitunguu sokoni Beni. Nilimwona akilifunga kwa kitambaa chake cha kanisani na kulificha chini ya vitunguu.

Kwenye kizuizi cha barabarani kabla ya Beni, askari walimwaga vitunguu, kama desturi yao, wakakuta daftari. Dereva wa lori ndiye aliyerudi na habari: mama amekamatwa, wanasema ni mwalimu wa wachawi, amekuja kuharibu bunduki zao. Siku hizo watu walipotea kwa mambo madogo kuliko hayo. Baba hakunigombeza hata kidogo, na hapo ndipo nilipoogopa kweli.

Siku ya pili yake baba alinivalisha sare ya shule, blauzi nyeupe na sketi ya bluu, ili nionekane mtoto, tukapanda lori. Komanda wa kizuizi, mtu aliyetoka mkoa wa mbali, alikuwa amekaa na daftari langu magotini. Askari wake walisimama mbali nalo. Mama alikaa chini kando ya ukuta, bila viatu.

"Komanda, ile kitabu ni yangu," nikasema. "Ni miye niliandikaka. Mama hapana juwa kitu."

"Uongo! Batoto hapana kuandika bintu kama hii. Huyu mama ni ndoki, muchawi."

"Ni hadisi tu, komanda."

"Donc basi, andika ingine. Hapa, mbele yangu."

Nikapiga magoti, nikaandika mwaka wa nne: kukausha mto. Kwa haraka, neno mto nikaliandika mara mbili. Komanda alilinganisha mwandiko na kurasa za nyuma, akifuata kwa kidole. Kisha akainama, akaniuliza polepole, askari wake wasisikie:

"Na ile ya bunduki... inatumikaka kweli?"

"Kama ingetumika, komanda, mama hangekuwa hapa."

Baba alifumba macho. Komanda akacheka mpaka kofia ikaanguka. Akasema mama aende. Vitunguu vingebaki, na daftari pia, maana alikuwa hajalimaliza.

Tulirudi juu ya lori. Nilingoja kugombezwa. Tulipokaribia Butembo, mama akasema bila kunitazama:

"Ule komanda alisoma kwa sauti. Sikukuwa na namna ya kuziba masikio."

"Mama, unisamehe."

"Miye niko pale chini, hapana juwa kama nitarudia kwangu, naomba Mungu Nyamuhanga anirudishe kwa batoto. Na ule anasoma namna weye uliniua. Mistari mbili! Hata kulia, ule mutoto hakulia."

"Haikukuwa weye, mama. Ile shule inakatala mutoto mwenye iko na mama."

"Basi bamukatale. Arudie nyumbani."

Nililia pale juu ya lori, kwa kelele, mpaka baba akaona haya. Nilikuwa nimekaa siku mbili nikiogopa kwamba mama hatarudi, na sikuwa nimemwambia mtu. Mama alinitazama, nadhani akihesabu hiyo ni mistari mingapi.

Wiki ile nilianza daftari jipya. Msichana alifika mlangoni mwa shule, wakamwuliza kama ana mtu wa kumlilia, akajibu kwamba anaye, anauza vitunguu. Wakamfukuza. Hadithi iliishia ukurasa wa pili. Mama aliisoma yote akiwa amesimama jikoni, mwiko wa bugali mkononi, akarudi mwanzo, akaisoma tena. Kisha akaniuliza kwa nini baba wa msichana bado ni marehemu.