Wageni Kwenye Simu ya Baba

Simu ya baba ilikuja na wageni wake. Niliinunua hapa Dodoma mjini, nikaiwasha sebuleni kwangu Area D, nikaiwekea kila kitu ili mzee asihangaike, na kabla sijaingiza namba ya mtu hata mmoja ilikuwa tayari imejaa. Michezo ya kupanga peremende. Duka la picha za kupamba kioo. Duka jingine ambalo mpaka leo sijui linauza nini. Habari za wachezaji wa Ulaya, kitu cha kuhesabu hatua, kitu cha kupima usingizi. Jamani! Mzee wa Chemba anayelala kuku wakilala, usingizi wake apimiwe na nani? Lakini siku ile nilikuwa na haraka, nikajisemea nitaviondoa baadaye.

Baadaye ikawa miezi.

Niseme mapema kwamba mimi subira sina. Nyumbani wananijua, na masjala ninakofanya kazi, kwenye ofisi za serikali kule Mtumba, wananijua. Mtu akiniwekea kitu chumbani bila kuniuliza nakitoa nje, kiwe cha dhahabu. Wahenga walisema mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe, ila wageni wa simu ile hawakuwa watu wa jembe. Walikuwa wa kula tu, na walichokula ni chaji.

Na chaji ndiyo iliyotaka kumhamisha baba kwake. Anaishi peke yake kijijini tangu mama afariki. Umeme umefika, lakini nguzo zimeishia shuleni, na nyumba yake iko mbele zaidi, ng'ambo ya korongo. Simu anaipeleka kuchajiwa dukani, karibu na shule. Kitochi chake cha zamani kilikuwa kinakaa wiki nzima bila kudai kitu. Hii ya kupangusa ilikuwa inazima kabla jua halijafika utosini.

Sasa mwezi wa nne homa ikamlaza. Tunapiga, hapatikani. Tunaambiana ni chaji, kama kawaida yake. Kumbe mzee yuko chini ya blanketi anatetemeka, hana wa kumpa hata maji, mpaka jirani alipokuja kuazima panga ndipo akamkuta. Alipona, tunashukuru Mungu. Lakini kaka yangu mkubwa, ambaye yuko Mwanza, alinipigia, na kaka akikasirika huongea polepole kama mtu anayesoma tangazo.

"Simu ya mzee ikizima tena mchana," akasema, "anahamia kwako. Andaa chumba."

Chumba nilikuwa nacho. Nia ndiyo baba hakuwa nayo.

"Area D nikafanye nini, mama? Nilinde geti?" Ananiita mama kwa sababu nimepewa jina la mama yake. "Mimi nikikaa bila jembe nitakufa kwa kukaa."

Na nilijua hatanii. Akija kwangu, siku ya kwanza anaizunguka nyumba, siku ya pili anautazama ukuta wa jirani, siku ya tatu anaulizia basi. Wanangu wanampenda babu yao, lakini Kisandawe hawakijui. Wakijaribu kugonga ulimi kama yeye wanaishia kucheka, naye anacheka nao, kisha ananyamaza. Mtaa mzima hana wa kuongea naye lugha yake isipokuwa mimi, nami narudi jioni nimechoka, namjibu kwa Kiswahili.

"Basi rudi kwenye kitochi chako," nikamwambia.

"Sitaki."

"Kwa nini?"

"Nimesema sitaki."

Mh! Nikajisemea mzee kapata ubishoo ukubwani, anataka aonekane kanisani na simu ya kioo. Nikaliacha hapo.

Kuna jambo jingine inabidi nilieleze. Mimi nina pumu tangu utoto, na mwenye pumu akiletwa na kazi Dodoma hana budi kuheshimiana na upepo. Kiangazi ukiamka vibaya, vumbi la Mtumba linaingia mpaka kwenye droo zilizofungwa. Baba alikuwa na desturi yake. Asubuhi, kabla sijatoka kwenda kusubiri basi la wafanyakazi, ananipigia.

"Leo jifunge kitambaa puani."

Na siku hiyo upepo ulikuja. Asipopiga, kulitulia. Alikuwa hakosei! Nami, kwa kiburi changu, nikawatambia wenzangu masjala: baba yangu Msandawe, yuko Chemba lakini upepo wa Dodoma anausoma. Wazee wa kwetu ni watu wa kuwinda na kurina asali, niliwaambia, pori limewalea, upepo kwao ni jirani. Wakaamini. Mwenzangu mmoja wa meza ya pili, mtu wa usafi sana, ikawa kila Ijumaa ananiuliza, "Mzee anasemaje? Kesho nifue mapazia?" Nilimsimulia baba hayo yote. Alicheka tu.

Mwezi wa sita nikachukua basi la Kondoa, nikashuka njia panda, nikamalizia na bodaboda. Nilimkuta uani anapepeta uwele.

"Shikamoo baba."

"Marahaba mama. Umekuja kunichukua?"

"Nimekuja kufukuza wageni. Lete simu."

Akanipa, ila aliishikilia kidogo kabla ya kuiachia. Nikavuta kigoda kivulini, nikaingia kwenye Mipangilio, nikafungua Programu. Nilichokiona ni kwamba wageni wako wa aina mbili. Wale wepesi unawaondoa moja kwa moja, wanapotea na mizigo yao. Wale waliotoka kiwandani na simu huwaondoi, unachoruhusiwa ni kuwazima tu, wabaki humo humo wamelala. Na ukitaka kuwazima simu inakutisha, eti ukikizima hiki na vingine huenda vikagoma. Vigome! Nikawa nabonyeza huku nawasemesha: wewe wa peremende, toka. Wewe wa usingizi, kalale mwenyewe. Baba akawa anapepeta, ananitupia jicho.

Nikafungua ukurasa unaoonyesha nani amekula chaji kiasi gani. Lo! Juu kabisa, kawapita wote, kakaa hali ya hewa.

"Baba, mwizi wako nimemkamata. Hiki cha hali ya hewa kinakula kuliko vyote."

Ungo ukasimama. "Hicho nacho?"

"Hicho ndicho hasa. Hakuna anayekifungua, kinajiamsha chenyewe, kinajilia."

Aliutazama uwele wake kwa muda, akatoa jani moja, akalitupa.

"Kama ndicho kinachonipeleka Area D," akasema, "basi."

Nilidhani amekubali kwa moyo mweupe. Nikabonyeza.

Kazi ilijibu. Nilirudi Dodoma na galoni ya asali, na tangu siku ile simu ya baba ikawa inafika magharibi na chaji yake. Kaka akawa anampigia adhuhuri, anampata. Anampigia jioni, anampata. "Sasa nalala," aliniambia, kwa sauti yake ya kawaida, ile ya haraka. Habari za chumba zikaisha. Nilifurahi, siwezi kusema uongo. Nilijiona nimemrudishia mzee kijiji chake kwa kidole kimoja.

Kisha ukaingia mwezi wa saba, na upepo wake. Baba akaanza kunipigia kila siku.

"Jifunge kitambaa, mama."

Nikajifunga. Siku ikapita imetulia, hata jani halikutikisika, mimi nimezunguka ofisini na kitambaa shingoni. Kesho yake tena, jifunge. Nikajifunga, kukatulia. Wenzangu wakapata la kuchekea. "Mzee leo kapitwa," akasema yule wa mapazia, ambaye kwa ajili ya baba alikuwa ameahirisha kufua mara kadhaa. Nikacheka nao, lakini nilikereka. Siku moja baba akapiga, nikamwitikia ndiyo baba, nikakiacha kitambaa kitandani. Saa nne upepo ukaamka na vumbi jekundu, nikiwa njiani kutoka jengo moja kwenda jingine na majalada mikononi. Mchana wote niliumalizia zahanati, nimewekewa kile kidude cha dawa ya mvuke puani.

Jioni nikampigia nikiwa na hasira. Hasira za mtu aliyeogopa, nadhani.

"Baba, siku hizi unabahatisha!"

Nyuma yake nikasikia mbuzi wa jirani. "Ndiyo," akasema. "Nabahatisha."

"Mbona zamani ulikuwa unajua?"

"Si ulikizima."

"Nilizima nini?"

"Kile cha upepo."

Nilikuwa nimesimama jikoni. Nikavuta ndoo, nikaigeuza, nikaikalia. Baba, kwa taratibu, kama anayemweleza mtu njia, akaniambia kwamba kila alfajiri alikuwa anafungua simu, anaangalia pale palipoandikwa Dodoma, akiona zile alama za upepo ananipigia. Basi. Hakukuwa na pori wala jirani. Na sasa kwa kuwa haoni, ameona heri anipigie kila siku, nijifunge bure kuliko niugue.

"Kwa nini hukuniambia siku ile?"

"Ungesema nini? Ulikuwa umeshawatambia wenzako kwamba nasoma upepo. Nikaona nisikuharibie." Akacheka kidogo. "Halafu ulisema ndicho kinachomaliza chaji. Mimi hapa sitaki kuondoka, mama. Sitaki kabisa."

Nililia, na sioni aibu kulisema. Nililia juu ya ile ndoo mpaka mwanangu akaja kuuliza nani kafa.

Jumamosi nilirudi Chemba. Sikusubiri hata ugali. Mipangilio, Programu, nikateremka mpaka kwa wale waliolala, nikakiamsha. Kikafunguka, na juu kikaandika Dodoma, kwa kuwa simu ile niliiwasha sebuleni kwangu na ndipo ilipojifunzia mahali. Nikamuuliza baba alikuwa anakifungua mara ngapi.

"Alfajiri."

"Mara moja tu?"

"Na asubuhi, ukiwa njiani." Akajikuna kidevu. "Na mchana. Na ukikaribia kutoka kazini. Kukiwa kubaya nakifungua hivi hivi, naangalia kama kumetulia."

Usilolijua ni usiku wa giza. Simu ilikuwa imenieleza yote, kwamba hiki ndicho kinachotumika kuliko vyote, nami nikasoma kwamba ni mwizi. Hakikuwa kinajiamsha. Baba ndiye aliyekuwa akikiamsha.

Tukakubaliana kama watu wa mkataba. Atakifungua alfajiri, na mara moja jioni. "Na ukivuma mchana?" akauliza. Nikamwambia mchana niko ndani, madirisha yamefungwa, na majalada nitayapeleka nikiwa nimejifunga. Akafikiri, akakubali. Wale wengine wote niliwaacha wamelala. Jumapili jioni, nikiwa nimesharudi Area D, nikampigia kujaribu. Ikaita. Kaka naye akapiga kutoka Mwanza, ikaita. Nilimweleza kaka kisa chote. Akasema, polepole, ila si kwa hasira, "Mwache mzee akae kwake."

Lakini jambo moja lilinishangaza kule Chemba, nami nililiuliza kabla sijaondoka. Kwenye kile kitu unaweza kuongeza mahali pengine. Yeye ni mkulima, maisha yake yote yako kwenye mvua ya kijiji kile, na kilikuwa na Dodoma peke yake.

"Baba, mbona hukuwahi kuuliza kama hali ya hewa ya hapa kwako inaweza kuonekana?"

Akanitazama kama nimeuliza kwa nini watu hawali kwa mguu. Akainua kidevu juu.

"Ya hapa si hiyo hapo, naitazama mwenyewe. Ya kwako ningeiona wapi?"

Tangu hapo nimejaribu, kwenye simu yangu, kuongeza kijiji chetu. Hakimo. Inanipa Kondoa, inanipa Singida, ukibishana nayo inakupeleka nchi nyingine. Juzi alfajiri baba akapiga.

"Leo jifunge, mama."

"Nimeshajifunga. Na huko kwako kumeamkaje?"

Alikawia kujibu. Nadhani alidhani hajasikia vizuri, maana nilikuwa nimemuuliza kwa Kisandawe.

"Kwani hicho chako hakikuonyeshi?"

"Hakinionyeshi. Niambie wewe."

Akaanza na mawingu ya upande wa mashariki, akaja kwenye umande, akaja kwenye ndege walioingia uwele wa jirani, na hakuwa amefika hata nusu pale basi la wafanyakazi liliponiacha.