Nzumari ya Harkalal Mlangoni kwa Bhagwati

Huko Kathmandu vijana hulipa kiingilio kumsikia Harkalal akipuliza nzumari mbele ya magita ya umeme. Kwao Simpani, milimani, yeye ni Damai tu: mshona nguo na mpiga muziki wa kurithi, mtu asiyeguswa, asiyeruhusiwa kupanda ngazi za hekalu la mungu wa kike, Bhagwati. Baba yake alipuliza uani, chini ya ngazi hizo, kila sikukuu ya Dasain kwa miaka arubaini, kwa sababu bila muziki wa Madamai beberu wa kafara hachinjwi. Mzee alipokufa, wakamwita mwana.

Alikuja na sharti. Nimeishi kijijini humo miaka sita, na nilikuwepo alipolitoa.

"Mwaka huu napulizia juu, mlangoni kwa Bhagwati. Sipulizi tena huku chini na mbuzi."

Kuhani Padmanath alicheka. "Mwanangu, huko mjini wamekunywesha nini? Baba yako hakuwahi kudai hayo."

"Alidai, mzee. Sikukuu ilipokwisha mkampasua mdomo."

 

"Basi kaa na filimbi yako," alisema Homraj, mwana wa kuhani. "Unadhani ni wewe peke yako?"

Akachukua simu na spika, akapanda navyo mpaka ndani. Wimbo wa Dasain ukalipuka, nzumari juu, ngoma za roki chini. Ilikuwa rekodi ya Harkalal mwenyewe. Pumzi yake ilikuwa imekaa miguuni pa mungu, naye amesimama matopeni.

Nimeona ubaguzi wa kila namna katika nchi nyingi. Ule ulinifanya nitake kutema mate.

Harkalal akavua viatu, kama muumini yeyote, akaanza kupanda.

"Shuka, baba," mama yake alimsihi. "Wewe utarudi mjini. Mimi nitabaki na hawa."

"Ndiyo maana napanda, mama."

"Mzuieni!" kuhani alipaza sauti.

Nani amzuie? Kumzuia ni kumgusa, kumgusa ni kunajisika, na wote walikuwa wameoga na kufunga tangu alfajiri kwa ajili ya kafara. Wanaume ishirini walimpisha huku wakikusanya nguo zao. Sheria iliyomfungia nje ndiyo iliyomfungulia njia.

Alipofika juu Harkalal akaingia, akaizima simu. "Hiyo pumzi ni yangu. Inapokaa, nami nakaa."

"Umetunajisia hekalu," alisema Padmanath.

"Litaoshwa, mzee. Lakini saa njema ya kuchinja inapita, na beberu anawasubiri."

Mchinjaji aliyeshika upanga alimtazama kuhani. Kuhani alitazama jua. Harkalal akasimama mlangoni, akatia nzumari mdomoni, akapuliza kwa ghadhabu, mishipa ya shingo imemtoka. Padmanath akamwinamishia mchinjaji kichwa, bila kumtazama Harkalal, na upanga ukamshukia beberu.

Wakampungia mkono kwamba inatosha. Hakuacha. Aliuendeleza wimbo hadi mwisho, kisha akauanza upya.